Maswali ya Wasomaji: Amri Imetolewa Katikati ya Kesi, Naweza Kuipinga?

Mwezi huu barua nyingi zimegongana kwenye jambo moja. Kesi haijaisha, hakimu au mwenyekiti wa baraza ametoa amri iliyomuumiza mtu, naye anataka kuikimbilia Mahakama Kuu kesho asubuhi. Nimechagua barua chache na kuzifupisha. Namba za vifungu ninazotaja ni za toleo la 2019 la sheria za Tanzania. Sheria zilizorekebishwa zilianza kutumika Julai 2025 na baadhi ya namba zimesogea, kwa hiyo zikague kabla hujaandika hati yoyote.

Wamenikatalia zuio, na tofali zimeshashushwa

*Shikamoo mama wakili. Mimi ni mjane, naishi Mbagala. Kiwanja alichoacha marehemu mume wangu kimeuzwa na shemeji. Nimefungua shauri Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya, nikaomba zuio ili mnunuzi asijenge mpaka kesi iishe. Mwenyekiti amekataa ombi langu. Kijana mmoja pale nje amenionyesha kitabu cha sheria, kimeandika wazi kwamba amri ya zuio inakatiwa rufaa. Anataka laki tatu aniandikie. Nimpe?*

Marahaba mwanangu, na pole sana. Hiyo laki tatu usimpe.

Kitabu alichokuonyesha hakisemi uongo, ila hakutoshi kusoma ukurasa mmoja. Amri ya 40 (hapa "Amri" ni fungu la kanuni) ya Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, ina orodha ya amri zinazokatiwa rufaa, na zuio la muda limo. Lakini Bunge lilipitisha Sheria Namba 25 ya 2002, kifungu cha 74 kikaongezwa kijifungu cha pili. Hicho kinasema kwamba hata kama amri imo kwenye orodha, uamuzi wa awali au wa katikati ya shauri haukatiwi rufaa, uwe umetolewa na mahakama ya wilaya, ya hakimu mkazi au baraza, isipokuwa kama umelimaliza shauri lenyewe. Kifungu cha 79 nacho kikafungwa vilevile, kwa hiyo huwezi kupitia njia ya marejeo, yaani kuomba Mahakama Kuu iliite jalada na kulikagua. Hata anayetoka Mahakama Kuu kwenda Mahakama ya Rufani anakutana na ukuta huohuo, kifungu cha 5(2)(d) cha Sheria ya Mamlaka ya Rufani, Sura ya 141.

Zuio lako limekataliwa, lakini shauri lako la kiwanja lipo hai. Rufaa ya huyo kijana ingeondolewa, pengine na gharama za mnunuzi ungelipa wewe.

Nilianza kazi masijala kabla ya mabadiliko hayo. Jalada lilikuwa likipanda juu kwa sababu ya amri ndogo, na kesi yenyewe inalala. Shahidi mzee aliyeuona mpaka ukiwekwa anafariki, na aliyekalia kiwanja anaendelea kupokea kodi. Mara nyingi aliyekata rufaa ndiye aliyekuwa anataka kesi ichelewe. Kwa hiyo naiunga mkono sheria hii, hata ninapoona inambana mtu kama wewe.

Sasa ufanye nini. Kwanza pata nakala ya uamuzi uone ombi lilianguka wapi. Vigezo vya zuio vimetumika tangu kesi ya Attilio dhidi ya Mbowe ya 1969: kuwe na hoja nzito inayostahili kusikilizwa na dalili kwamba mwombaji anaweza kushinda, kuwe na madhara ambayo pesa haiwezi kuyafidia, na ipimwe nani ataumia zaidi kati ya pande mbili. Wengi wanaangukia kwenye cha pili. Hati ya kiapo inasema "nitapata hasara kubwa" na inaishia hapo. Ni hasara gani? Unaishi humo na wanao? Kuna kaburi la marehemu? Mnunuzi ameshaanza kutafuta mteja mwingine? Kama kuna jambo jipya limetokea baada ya uamuzi, rudi baraza lilelile na ombi jipya na kiapo kipya kinachoeleza jambo hilo. Kama hakuna jipya, usirudie ombi lilelile, omba shauri la msingi lisikilizwe haraka na uwe na mashahidi wako tayari siku ya kwanza.

Piga picha za ujenzi kila hatua. Kama kiwanja kina hati, nenda kwa Msajili wa Hati uweke tahadhari chini ya Sheria ya Usajili wa Ardhi, Sura ya 334, ili isihamishwe kimyakimya.

Na kuna jambo hukulitaja ambalo limenitia wasiwasi kuliko zuio. Umefungua shauri kama nani? Mali ya marehemu inadaiwa na msimamizi wa mirathi. Kama huna barua za usimamizi, mnunuzi ataleta pingamizi la awali na shauri lote litaondolewa. Lishughulikie hilo wiki hii.

Wasomaji mliopata zuio nanyi msilale. Kwa Amri ya 37, mahakama inalipatia zuio muda usiozidi miezi 6. Inaweza kuuongeza, lakini jumla isizidi mwaka 1. Nimeona watu wakimshtaki jirani kwa kuvunja zuio lililokwisha muda wake zamani.

Shauri limefutwa nikiwa njiani kutoka hospitali

*Mimi ni dereva, Kibaha. Siku ya shauri mtoto alizidiwa usiku, nikampeleka hospitali. Nilifika baraza saa nne, karani akaniambia limeshafutwa kwa kutohudhuria kwangu. Ni wiki ya tatu sasa. Hii imelimaliza shauri, si ndiyo? Nikate rufaa?*

Ndiyo, limemalizwa. Lakini usianzie juu, mdogo wangu. Kanuni za mabaraza haya za 2003, kanuni ya 11, zinakupa siku 30 kurudi kwenye baraza lilelile kuomba amri ile itenguliwe. Likikataa, hapo ndipo unakwenda Mahakama Kuu. Wiki ya tatu maana yake zimebaki siku chache, na zinahesabiwa tangu siku ya amri, hazisubiri siku utakayopewa nakala.

Omba kulisoma jalada. Ukurasa wa siku ile utaanza na tarehe, chini yake jina la mwenyekiti, halafu mistari miwili mifupi: *Mwombaji: hayupo. Mjibu maombi: yupo.* Kisha maneno ya upande wa pili kuomba lifutwe, na amri. Usiishie hapo, rudi kurasa za nyuma. Kama tarehe zote zilizotangulia zinaonyesha *Mwombaji: yupo*, na mjibu maombi ndiye aliyekuwa akiomba ahirisho, hiyo ni hoja yako nzuri kuliko maelezo yoyote ya huruma. Ziandike tarehe hizo moja moja kwenye kiapo.

Ambatisha kadi ya mtoto yenye tarehe na saa ya kupokelewa. Kama mama wa mtoto ndiye aliyekupigia simu usiku, naye aape kiapo chake. Huwezi kuapa kwa niaba yake kwamba "mke wangu alisema". Watu wanapuuza hili na maombi yanaanguka kwa kitu ambacho kingechukua nusu saa kwa kamishna wa viapo.

Ukipitiliza siku 30, itabidi uanze na ombi la kuongezewa muda, na mahakama zetu zinataka kila siku ya kuchelewa ielezwe, hata kama ni moja. Epuka safari hiyo.

Hakimu amekataa mkataba wangu, wakili anasema tusubiri

*Nauza mbao, Mwanza. Namdai mteja milioni 45. Mkataba halisi ulipotea nilipohama duka, nina nakala. Mahakama ya wilaya imekataa kuipokea. Nikasimama kusema sikubali, hakimu akasema tuendelee. Nilitaka tukate rufaa au tuombe mapitio, lakini wakili wangu anasema tusubiri hukumu. Naona kama ameniuza.*

Kaka yangu, kwa uliyonieleza, wakili wako hajakuuza. Kama angekubali kukuchukulia pesa ya rufaa leo, hapo ndipo ningekuambia umtilie shaka.

Kuna swali moja ambalo majaji wanaliuliza kuhusu amri yoyote ya aina hii. Lilitumika Uingereza 1903 katika kesi ya Bozson dhidi ya baraza la mji wa Altrincham, na Mahakama ya Rufani ya Tanzania ikalichukua katika kesi ya Tanzania Motor Services dhidi ya Mehar Singh: amri hii, ilivyotolewa, imemaliza haki za pande zote mbili? Haliulizi kama amri inauma, wala kama ni ya makosa. Kukataliwa kwa kielelezo hakujamaliza chochote, kesho shahidi anayefuata anaingia kizimbani.

Mapitio nayo ni kitu kingine. Ni kumwomba aliyetoa uamuzi auangalie upya, na milango yake ni mitatu: umepata ushahidi mpya ambao kwa bidii zote usingeupata mapema, au kuna kosa la wazi kwenye kumbukumbu, au sababu nyingine inayotosha. Muda wake ni siku 30. Hilo kosa la wazi linatakiwa lionekane kwa macho. Mahakama ya Rufani ilisema hivyo mwaka 2004 katika kesi ya Chandrakant Patel dhidi ya Jamhuri: likihitaji mlolongo mrefu wa hoja ili lionekane, si kosa la mapitio. Wewe unasema hakimu ameitafsiri vibaya sheria ya ushahidi. Hilo linabishaniwa kwenye rufaa.

Lakini kusubiri hakumaanishi kukaa kimya, na hapa ndipo nataka unisikilize vizuri kwa sababu hapa ndipo wengi wanapoteza. Sheria inasema ukija kukata rufaa dhidi ya hukumu, kosa lililofanyika kwenye amri ya katikati unaweza kulifanya sababu ya rufaa, ikiwa liligusa matokeo. Kwa hiyo haki yako haijafa, imeahirishwa. Jaji atakayesikiliza rufaa hatakuwa ameiona sura yako uliposimama kusema hukubali. Atakuwa na karatasi tu. Kama karatasi haisemi kwamba ulipinga, kwake hukupinga. Mahakama ya Rufani imekwisha kusema kwamba kumbukumbu ya mahakama ni waraka mzito, hauangushwi kwa maneno matupu ya mtu kwamba "mimi nilisema, hawakuandika."

Kwa hiyo tarehe ijayo, wakili wako asimame mapema kabla shahidi hajaapishwa, aseme: "Mheshimiwa, tunaomba kumbukumbu ionyeshe kwamba tulitaka kutoa nakala ya mkataba, ikakataliwa, na sababu zetu zilikuwa hizi." Aseme taratibu. Kama hakimu anaandika kwa mkono, tazama kalamu: ikisimama ndipo aendelee na sentensi nyingine. Nimekaa chini ya meza za mahakimu miaka mingi nikichapa mwandiko wao, na ninawaambia ukweli, mawakili wanaosema kwa kasi wanabaki na mstari mmoja kwenye jalada, tena wa maneno ya hakimu. Aombe pia ile nakala iwekwe alama ya utambulisho ibaki ndani ya jalada, ili huko juu waone ni kitu gani kilikataliwa.

Halafu msikate tamaa na mkataba wenyewe. Sheria ya Ushahidi, Sura ya 6, inaruhusu nakala pale halisi inapothibitishwa kupotea. Je, mlithibitisha, au mliileta tu nakala mezani? Ulitoa taarifa polisi ya upotevu? Ulieleza ilikuwa inakaa wapi, nani alihamisha duka, ulitafuta vipi, nani alitoa fotokopi na lini? Kama msingi huo haukuwekwa, hakimu pengine alikuwa sahihi, na hata rufaa haitakusaidia. Muulize wakili kama anaweza kuomba uitwe tena kizimbani kuuweka. Na mlete kijana wako wa stoo na daftari la kupokelea mzigo lenye saini za mteja, na taarifa ya benki ya malipo ya kwanza. Mtu aliyesaini amepokea mbao na kulipa sehemu ya bei atapata shida kusema hapakuwa na makubaliano.

Hukumu ikija dhidi yako, una siku 90 kwenda Mahakama Kuu kutoka mahakama ya wilaya. Siku za kusubiri nakala ya hukumu na tuzo, yaani amri inayotokana na hukumu, hazihesabiwi, lakini lazima uwe uliziomba. Siku ileile ya hukumu peleka barua, baki na nakala yenye muhuri wa mapokezi.

Wameliondoa shauri langu dhidi ya halmashauri

*Mimi ni mkulima, Kilosa. Halmashauri ilichukua sehemu ya shamba langu kwa barabara bila fidia. Baraza limeliondoa shauri kwa sababu sikumuunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Hii ni haki?*

Mzee wangu, shikamoo. Ni sheria. Mabadiliko ya mwaka 2020, Sheria Namba 1, yameiweka halmashauri kwenye kundi moja na Serikali Kuu: unatoa taarifa ya siku 90, unamuunganisha Mwanasheria Mkuu, na shauri linafunguliwa Mahakama Kuu. Usipomuunganisha, mwenendo wote ni batili. Kwa maoni yangu sharti hili ni zito mno kwa mtu anayedai hatua chache za shamba, na ningependa Bunge lilitazame tena. Ila hilo halitakusaidia leo.

Kinachokusaidia ni hili: soma mstari wa mwisho wa uamuzi. Umeandika "limeondolewa". Tangu kesi ya Ngoni Matengo ya 1959 katika Mahakama ya Rufaa ya Afrika Mashariki, mahakama zetu zinatenganisha shauri lililoondolewa kwa kuwa halikuja sawasawa na shauri lililofutwa baada ya kusikilizwa. Lililoondolewa linaweza kurudi likiwa limetengenezwa. Kwa hiyo usipoteze mwaka kukata rufaa juu ya kosa ambalo unaweza kulirekebisha mwenyewe. Andika taarifa ya siku 90 sasa.

Angalia kalenda tu. Madai ya ardhi yana miaka 12, lakini ukidai madhara ya mazao, hayo ni miaka 3. Muda uliotumia kwa nia njema kwenye chombo kisicho na mamlaka unaweza kuomba usihesabiwe, kifungu cha 21 cha Sheria ya Ukomo, Sura ya 89. Usisubiri wakuulize, uandike ndani ya hati yako ya madai.

Kutoka Mombasa

*Ndugu yangu wa Dar ameniambia amri ya katikati ya kesi haikatiwi rufaa. Mahakama ya hapa imenikatalia kurekebisha madai yangu. Wakili wangu anasema rufaa ipo. Nimwamini nani?*

Mwamini wakili wako. Ndugu yako anasema kweli kuhusu kwao. Kenya ina kifungu cha 75 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai na Amri ya 43: zipo amri zinazokatiwa rufaa moja kwa moja, na nyingine zinahitaji ruhusa. Ruhusa inaombwa kwanza kwa mahakama iliyotoa amri, kwa mdomo palepale inapotolewa au ndani ya siku 14. Muulize yako iko kundi gani na siku ngapi zimebaki. Ukichagua mapitio chini ya Amri ya 45, huwezi wakati huohuo kuwa na rufaa juu ya amri ileile. Pimeni vizuri kabla ya kuchagua.

Namba ya kiwanja imekosewa

*Amri imeandika kitalu 418, kiwanja changu ni 481. Dalali wa mahakama amekataa kuitekeleza. Naambiwa nikate rufaa.*

Hapana mwanangu, hili ni dogo. Kosa la uandishi au la hesabu linasahihishwa wakati wowote na mahakama yenyewe, kifungu cha 96 cha Sura ya 33. Andika barua kwa hakimu aliyetoa amri, ambatisha ukurasa wa hati ya madai unaoonyesha 481, na nakala ya amri uliyoizungushia namba iliyokosewa. Mpelekee nakala mpinzani wako, naye asaini kupokea. Akikubali kwamba ni kosa la kalamu, linaisha kwa kikao kimoja. Akibisha, utaambiwa ulete ombi rasmi na kiapo, na ukurasa uleule wa 481 ndio utakaokuwa kiambatisho chako cha kwanza.